Maji Birikani

Mimi ni kinyozi. Kazi yangu inaniruhusu
kumshika tajiri pua, nimgeuze nitakavyo,
nimwekee wembe kooni huku akizungumza.
Nao huzungumza. Mji wetu wa Kedron, Iowa,
hauna bunge; una kiti changu
na redio juu ya rafu.

Machi, mwaka wa thelathini na tisa.
Redio ilisema Praha imeingiliwa.
Bwana Nygaard wa benki, povu hadi masikioni,
akasema, "Zima hilo. Tulipewa bahari mbili
ili tulale." Wakacheka waliongoja zamu.
Redio ni yangu, lakini nikazima.

Asa Pettiford alikuwa chini, magotini,
akizing'arisha buti za Nygaard.
Pajani mwake kimebaki kipande cha chuma
cha Ufaransa, cha vita ile ya kwanza,
alikopelekwa kuwaokolea wengine uhuru.
Hakusema kitu. Brashi ilisita tu,
kisha ikaendelea.
Asa namnyoa usiku, pazia likishushwa.
Mchana kiti hiki hakimjui.

Siku hiyo hiyo akaingia Auerbach, muuza vitambaa,
kofia mkono huu, karatasi mkono huu.
Dada yake yuko Vienna. Duka la dawa la shemeji
limevunjwa vioo, na shemeji mwenyewe
amesuguzwa barabara kwa mswaki.
Kuna mtoto, Trude, miaka tisa, anapenda ramani.
Serikali yetu inataka mdhamini mwenye mali
aape kwamba watu watatu hawatakuwa mzigo.
"Yangu haitoshi," alisema. "Nimeipima mara nne
kama kitambaa. Haitoshi."

Birika lilikuwa likichemka.
Hakuna aliyeomba maji.

Nygaard alijifuta mdomo polepole.
"Nyumba imejaa, Auerbach."
Nikatazama dirishani. Ng'ambo ya reli
mashamba yalikuwa yamelala hadi macho yanakoishia;
unaweza kuendesha gari nusu siku
ukakutana na kunguru watatu na posta moja.
Babake Nygaard alishuka melini na gunia
na lugha ambayo hapa hata mbwa hawakuielewa.
"Halafu watu wako," akaongeza, "akija mmoja,
kesho ni kumi." Akanigeukia: "Malizia kidevu."

Nikamalizia kidevu.

Auerbach aliiacha karatasi kwangu,
pengine angetokea mwenye moyo.
Niliiweka chini ya kopo la povu, isipeperuke.
Ndivyo nilivyomwambia. Kweli ni kwamba
wateja wakiiona walipunguza bakshishi.

Barua za Vienna zilikuja mbili, kisha moja,
kisha ya Auerbach ikarudi yenyewe,
imegongwa muhuri wa zambarau
juu ya jina la mtoto.
Alinionyesha. Nikasema hali ya hewa imebadilika.

Desemba, mwaka wa arobaini na moja,
foleni ilifika hadi duka la mbegu.
Vijana. Jeshi liliwataka Jumatatu.
Mama zao walitaka wanyolewe hapa,
na mkono wanaoujua.
Wa nne alikuwa Leif Nygaard, miaka kumi na tisa,
nywele za rangi ya ngano.
Baba alisimama nyuma yake, kofia kifuani, kimya.
Nilimimina maji kichwani mwa kijana
yakiwa vuguvugu, inavyotakiwa,
nikaanza.
Nywele ziliangukia buti za baba.
Asa alikuja na ufagio, akasita,
kisha akaendelea.

Jioni nilisafisha rafu. Kopo lilikuwa limenata.
Nililibandua na karatasi ikaja nalo,
duara la povu kavu mahali pa sahihi.
Nikachukua kalamu, nikaandika jina langu,
na chini yake mali yangu:
kiti kimoja, nyembe sita, redio.
Nikakaa nayo. Sikujua ipelekwe wapi.

Mlango wa nyuma ukabishwa. Saa ya Asa.
Niliinuka kumfungulia,
na mkono wangu, bila kuuliza,
ukaenda kwanza kwenye kamba ya pazia.